Sahihi Niliyomwekea Mzee Ngazi

Wiki iliyopita niliishia chooni, kazini, mlango nimeufunga kwa komeo, nachana barua vipande vidogo vidogo. Kwa aliyekosa kusoma nitaeleza kwa kifupi, ingawa kila ninapolieleza jambo hili linazidi kuwa fupi na linazidi kuwa baya.

Mimi ni karani wa masjala katika kituo cha zimamoto. Navaa gwanda kama wenzangu, ila mimi sizimi moto. Natunza majalada na kupeleka barua.

Gari letu lilifika kwenye ghala la magodoro linalowaka likiwa halina maji. Mpira ulikohoa mara mbili, ukanyamaza. Watu wakatutupia mawe. Wakubwa wakatafuta wa kumbebesha lawama, wakamwona dereva wa zamu, koplo wa miaka ishirini na miwili kazini, ambaye kituo kizima kinamwita Mzee Ngazi kwa urefu wake.

Kanuni zetu ziko wazi. Mshtakiwa hupewa barua ya mashtaka, husaini kwenye daftari la kupelekea barua, lile tunaloliita dispachi, na kuanzia hapo huhesabiwa siku kumi na nne za kujitetea. Asipojibu, kamati ya nidhamu ina ruhusa ya kukaa bila yeye.

Barua nilipewa mimi niipeleke. Nikafika kwake, nikamkuta anapiga pasi gwanda lake.

"Wataniita tu," akaniambia. "Na wakiniita, ninayo ya kusema."

Mkewe akanisogezea kiti, akaniita mwanangu. Nikashindwa. Nikasema nilikuwa napita tu. Nikanywa maji, nikaaga, barua ikiwa bado kwenye mkoba.

Mkuu wa kituo aliponiuliza kama nimepeleka, nikajibu, "Ndiyo, afande." Alipotaka kuona dispachi, nikakimbilia masjala, nikachora mkunjo wa kalamu na kuandika pembeni namba ya kazi ya Mzee Ngazi. Nilijiambia nitaipeleka Jumatatu. Jumatatu nikajiambia Jumanne.

Mkuu huyo, nyuma ya mgongo wake, tunamwita Bwana Kesho, kwa sababu kila ripoti ya gari bovu anaiandikia maneno mawili: tuangalie kesho. Nilikuwa nalicheka sana jina hilo. Sasa sina haki nalo.

Siku kumi na nne zikaisha. Kamati ikakaa dakika kumi. Mzee Ngazi akafukuzwa kazi bila kufumbua mdomo, na mimi nikaingia chooni na barua yake.

Nilidhani nimefika mwisho wa aibu. Kumbe nilikuwa mlangoni.

*

Jumatatu asubuhi mtu aligonga kidirisha cha masjala. Tulipoinua macho tukaona kifua tu, maana kichwa kilikuwa juu ya fremu.

"Shikamoo, mzee," nikasema kabla hajainama.

"Marahaba, binti yangu. Naruhusiwa kuingia, au sisi raia tunaongelea dirishani?"

Karani mwenzangu, tunayemwita Redio kwa kuwa hazimiki, akadakia. "Raia wanapanga foleni, mzee."

"Foleni iko wapi?"

"Wewe ndiye foleni."

Mzee Ngazi akacheka. Nilitamani asicheke. Sikuwahi kumwona pale kituoni bila gwanda. Shati lake la kiraia lilikuwa limemwishia juu ya kifundo cha mkono, kama la kuazima.

"Nimekata rufaa," akasema. "Nimewaandikia kwamba sikuiona barua yoyote. Wamenijibu kwamba daftari linaonesha nimeipokea na kusaini. Kamati ya makao makuu inakuja Alhamisi. Basi nikaona nije nijitazame huyo mimi aliyesaini."

"Dispachi haitoki nje ya masjala, mzee," nikasema. Sauti yangu, hata siku njema, haifiki mbali. Siku hiyo nadhani haikuvuka meza.

"Si haitoki?" Redio akasema. "Haitoki, lakini kuonwa inaonwa. Mfungulie aone, ni haki yake."

Nikalileta. Nikafungua ukurasa. Mzee akavaa miwani, akatembeza kidole mstari kwa mstari, polepole, kama anayesoma orodha ya waliofaulu mtihani.

Kidole kikasimama.

"Huyu si mimi."

Nilishika ukingo wa meza.

"Sahihi yangu ina mkia," akasema. "Huyu hana mkia."

"Labda ulikuwa na haraka," Redio akasema.

"Haraka ya kwenda wapi, nami nilikuwa nimesimamishwa kazi?"

Redio akaangua kicheko, kisha akajikumbuka. Mzee hakumsikia. Kidole chake kilikuwa kimehamia pembeni.

"Lakini namba ni yangu."

Akazifuata tarakimu moja moja. Aliposema tena, hakuwa anasema nasi.

"Nje ya kituo hiki, namba yangu anaijua kwa kichwa mtu mmoja tu. Ameishona kwenye kola za mashati yangu yote, yasichanganyike na ya wengine kwenye kamba." Akavua miwani. "Binti yangu, siku ile ulipopita nyumbani, barua ulimwachia mama?"

Huo ndio ulikuwa mlango, umeachwa wazi kabisa. Ningesema neno moja. Redio alikuwa amenyamaza kwa mara ya kwanza tangu nimjue, masikio yote kwangu.

"Sikumbuki vizuri, mzee," nikasema. "Ni siku nyingi."

Akatikisa kichwa. Akalifunga daftari yeye mwenyewe, taratibu, akanirudishia kwa mikono miwili.

"Si kosa lako," akasema. "Wewe ulitumwa tu."

*

Kesho yake jioni nilikuwa chumbani kwangu, nimeloweka nguo, nikasikia hodi ya mwanamke. Nilipofungua, alikuwa mke wa Mzee Ngazi, amesimama na kijimkoba amekikumbatia kifuani.

"Usihangaike na kiti," akasema, akaketi ukingoni mwa kitanda. "Nimekuja na swali moja. Nikijibiwa naondoka."

"Karibu, mama."

"Ile barua. Ulinipa mimi?"

Mikono yangu ilikuwa na povu. Nikaifuta kwenye gauni, nikaifuta tena.

"Nauliza kwa sababu tangu jana mume wangu hasemi nami," akaendelea. "Angefoka ningejua pa kumshikia. Amenyamaza. Usiku amelala sebuleni, kwenye kochi la watu wawili. Unajua urefu wake. Miguu yote ilikuwa imeelea hewani kama ya panzi."

Akacheka kidogo. Kicheko kikamkwama.

"Anasema niliipokea, nikaogopa, nikaificha. Nikamwapia kwamba siyo. Halafu alipotoka, nikaanza kujishuku. Wiki ile nilikuwa nameza dawa za presha, zile za kunilevya usingizi. Kuna siku nilitafuta ufunguo nao uko mkononi mwangu. Labda kweli ulinipa, nikaweka mahali. Nimepekua nyumba nzima, mwanangu. Nimefunua mpaka godoro. Nimetoa vyombo vyote kabatini."

Alikuwa anatafuta barua niliyoichana mimi. Alikuwa ameinama na presha yake, anachungulia chini ya makabati.

"Mama, acha kutafuta," nikasema.

"Kwa nini?"

"Utaumia mgongo."

Hilo ndilo nililoweza. Mgongo.

Akanitazama kwa huruma, yeye anihurumie mimi. "Nimeshaamua la kufanya. Alhamisi nitaingia mbele ya kamati niseme niliipokea mimi, nikasaini, nikasahau. Waone kwamba mwenyewe hakujua. Mke kuwa msahaulifu si kosa la mume, au siyo?"

"Lakini mama, si kweli!"

Lilinitoka lenyewe. Akageuka taratibu.

"Wewe umejuaje kuwa si kweli?"

Maji ya nguo yalikuwa yanadondoka kutoka kwenye kiwiko changu, tone, tone. Niliyasikia.

"Nina maana," nikasema, "hatuna uhakika."

"Ndivyo ninavyosema mimi. Hakuna mwenye uhakika. Basi bora lawama nibebe mimi, kuliko yeye kupoteza miaka ishirini na miwili na sisi wote tunatazamana." Akainuka, akanishika shavu kwa kiganja. "Umekonda. Kula, mwanangu. Haya ya kituo yasikuue."

Alipoondoka sikula. Sikulia pia. Nilisuuza nguo zile mara tatu, kana kwamba zilikuwa na hatia.

*

Jumatano Bwana Kesho aliniita ofisini. Tangu niajiriwe hakuwahi kunikaribisha kiti. Siku hiyo alinikaribisha.

"Kaa, kaa. Kazi inakwendaje?"

"Salama, afande."

"Nakuona. Unajituma, huna maneno mengi. Watu wa namna yako ndio wanaopandishwa vyeo." Akasukuma karatasi mezani. "Soma, kisha weka sahihi."

Ilikuwa imechapwa kwa jina langu. Mimi, karani wa masjala, nilimkabidhi mshtakiwa barua ya mashtaka mkononi mwake, nyumbani kwake, akiwa na mkewe, naye akasaini mbele yangu.

"Afande, hapa pameandikwa..."

"Najua palivyoandikwa. Nimeandika mimi."

"Ni kwamba siku ile..."

"Sikuulizi habari za siku ile. Nakuuliza daftari. Lina sahihi au halina?"

"Linayo, afande."

"Linatunzwa na nani?"

"Na mimi."

"Basi sahihi hiyo ikiwa na kasoro, kasoro itakuwa ya nani?"

Nikaitazama karatasi.

"Unaona?" akasema kwa upole. "Ndiyo maana hata mimi sitaki kujua."

Nyuma ya kiti chake kuna kabati la chuma. Ndani yake kuna kitabu cha ubovu wa magari. Nakijua, nimekibandika karatasi ya jalada mimi mwenyewe. Mzee Ngazi aliandika humo mara tatu kwamba tangi linavuja chini ya koki, na mara zote tatu mkuu aliandika tuangalie kesho. Lau Mzee Ngazi angesikilizwa, angesema sentensi moja tu: leteni kile kitabu. Sentensi hiyo ndiyo niliyomnyang'anya.

Bwana Kesho akanipa kalamu yake.

Ningekuwa mtu mwingine ningekataa. Nimeijaribu hadithi hii kichwani mara nyingi, na kila mara namwona msichana mwingine, mwenye sauti, anasukuma karatasi na kuondoka. Mimi nilisema, "Ndiyo, afande," nikasaini.

*

Alhamisi kamati ilikaa kwenye darasa la mafunzo, ghorofani, penye picha za ukutani za aina za moto na mitungi ya kuzimia. Walikuwa watatu. Mwenyekiti alikuwa mama wa makamo, miwani imening'inia kwa uzi shingoni. Alikuwa anaandika kumbukumbu kwa mkono wake.

"Katibu ninaye," akasema alipoona tunashangaa. "Ila nimechoka kusoma mambo ambayo sikuyasikia."

Kisha akaweka wazi. "Hatukuja kuamua kama tangi lilivuja au halikuvuja. Tumekuja kuamua jambo moja. Je, mtu huyu, kabla ya kufukuzwa, alipewa nafasi ya kusema? Na muda wa kuamua rufaa hii unaisha leo. Tukitoka hapa hatujaamua, imekufa."

Taarifa yangu ikasomwa.

"Haya ni maneno yako?" akaniuliza.

"Ndiyo, mama. Mheshimiwa."

"Sema kwa nguvu, binti. Huku tumeketi watu wazima, masikio yamechoka."

Watu wakacheka. "Ndiyo," nikasema tena.

"Koplo, una swali kwa shahidi? Unayo haki ya kumhoji."

Mzee Ngazi alisimama, akaendelea kusimama mpaka akaisha. "Sina, mheshimiwa. Huyu alitumwa tu."

Mara ya pili ananiambia hivyo. Ningependa kusema ndipo nilipoamka. Hapana. Nilikaa.

Aliyesimama alikuwa mkewe, kutoka benchi la nyuma. "Mheshimiwa, mimi nina neno. Mume wangu hajui kitu. Ile barua ni mimi nili..."

King'ora kikalia.

Kila siku saa nne kamili tunakijaribu king'ora cha kituo kwa dakika moja. Sisi tumezoea, husubiri tu midomo imefungwa. Wageni walishika masikio. Mama wa watu alibaki amesimama na neno lake nusu, kinywa wazi, na hapakuwa na la kufanya ila kutazamana.

Nikamtazama Mzee Ngazi. Alikuwa amegeuka nyuma, anautazama mdomo wa mkewe, anangoja king'ora kinyamaze asikie kwa masikio yake kwamba ni kweli, mke aliyeishi naye miaka yote hiyo alimficha. Uso wake ulikuwa unabomoka polepole mbele ya macho yangu.

Dakika moja ni ndefu sana. King'ora kikashuka, kikafa.

"Nilisema," mama akaanza, "ile barua..."

"Si yeye!"

Nilikuwa nimesimama. Mara ya kwanza maishani mwangu nilisema neno mbele za watu bila kuambiwa niongeze sauti.

"Mama hakupokea barua. Mzee hakupokea. Hakuna aliyepokea. Ile sahihi niliichora mimi."

"Mama yangu weee!" ilikuwa sauti ya Redio mlangoni, aliyekuwa ameleta maji ya kunywa na kusahau kuondoka.

Mzee Ngazi hakunitazama. Alikuwa bado anamtazama mkewe. Akanyanyua mkono kidogo, kama mtu anayetaka kubisha hodi asijue pa kugonga, akaushusha. Mama akaketi, akajifunika uso kwa ncha ya mtandio.

"Binti," mwenyekiti akasema, "funga mdomo."

Nikafunga.

"Ulichokisema ni kosa, tena kubwa. Hujashtakiwa nalo. Kabla ya kuulizwa una haki ya kupewa barua, siku kumi na nne, na mtu wa kukusimamia. Ukizitaka siku hizo, sitaandika neno lako hata moja leo."

Bwana Kesho akainuka kwa kasi hata kiti kikaanguka. "Ndiyo hasa, mheshimiwa! Kanuni zifuatwe! Msichana huyu apewe siku zake. Hatuwezi kumsikiliza mtu hivi hivi, bila maandalizi, si haki!"

Mwenyekiti akamtazama juu ya miwani. "Mkuu, kanuni umezikumbuka leo?"

Mmoja wa wajumbe akakohoa kuficha kicheko. Lakini Mzee Ngazi alikuwa amesimama tena.

"Mheshimiwa, hata mimi naomba apewe siku zake."

Mwenyekiti akaishusha kalamu mezani.

"Koplo, umeelewa unachoomba? Akipewa siku, rufaa yako naiamua leo kwa karatasi zilizopo. Na karatasi zilizopo zinasema ulipokea."

"Nimeelewa."

"Na bado unaomba?"

"Mimi sikupewa," akasema. "Nisingependa mwingine asipewe kwa ajili yangu."

Angenitukana ningevumilia. Angenipiga kofi mbele ya kamati ningemshukuru. Nilisimama pale na masikio yanawaka, natamani sakafu ya ghorofa ifunguke nidondokee kwenye magari.

"Sizitaki," nikasema.

"Una hakika?"

"Ndiyo. Andika, mheshimiwa."

Akachukua kalamu. "Kwa nini hukupeleka barua?"

"Nilipeleka. Nilifika mpaka ndani. Nikaona haya kumpa."

"Ukaona nini?" mjumbe wa kulia akauliza.

"Haya. Alikuwa anapiga pasi gwanda. Mama akanipa kiti."

Mjumbe akamgeukia mwenzake. Wakatazamana. Nikaeleza yote, ahadi zangu za Jumatatu, Jumanne, mkunjo wa kalamu, choo. Kadiri nilivyoeleza, ndivyo ilivyozidi kusikika kama uongo wa mtoto aliyevunja kikombe. Miaka ishirini na miwili ya mtu, na sababu yenyewe ni kwamba nilipewa kiti.

Mwenyekiti akavua miwani.

"Na hii taarifa uliyosaini jana? Ni wewe uliyeichapa?"

"Hapana. Alinipa mkuu nisaini."

Kelele ikapita darasani. Bwana Kesho aliinama kukiokota kiti chake. Jasho lilikuwa limemtoka juu ya mdomo.

"Ahaa," mwenyekiti akasema. "Sasa tunaelewana. Binti, nimekaa kwenye kamati hizi miaka kumi na sita. Nimeona barua zimezuiliwa kwa chuki, kwa hongo, kwa amri ya mkubwa. Iliyozuiliwa na haya sijaiona bado. Nitakuuliza mara moja, na ninataka ufikiri. Kama ulifanya peke yako, huo ni uzembe wa karani. Shauri la koplo litaanza upya, hapa hapa, mbele ya mkuu huyu huyu. Kama kuna mkubwa aliyekuambia usipeleke, shauri lote ni batili tangu mwanzo. Koplo anarudi kazini leo, na huyo mkubwa anakabidhi ofisi leo. Nani alikuambia usipeleke?"

Hapakuwa na mtu wa kuuliza ni mkubwa gani. Vichwa vyote viligeukia upande mmoja.

Redio, kule mlangoni, alikuwa ananiashiria kwa nyusi. Sema. Mama aliondoa mtandio usoni, macho mekundu, na nikaona ameshanisamehe, kwa sababu ameshaelewa: msichana wa watu alilazimishwa. "Sema tu, mwanangu," akaninong'oneza. "Usiogope. Tuko na wewe."

Neno moja. Kweli ingemrudisha Mzee Ngazi mbele ya Bwana Kesho, na sote tulijua shauri hilo lingekwishaje. Kamati ingekaa dakika ishirini badala ya kumi. Uongo ungemvisha gwanda lake mchana ule ule.

Na Bwana Kesho alistahili. Uongo wa jana ulikuwa wake, kitabu kilichofungiwa kabatini kilikuwa chake, tangi lililovuja lilikuwa lake. Ila hili moja halikuwa lake. Hili lilikuwa langu peke yangu.

Alikuwa ananitazama. Tangu niajiriwe aliniangalia kama mtu anavyoangalia kabati. Sasa alinitazama kama mtu anayeomba. Akatikisa kichwa taratibu, mara moja, na midomo ikasema bila sauti: unajua si mimi.

Nikamtafuta Mzee Ngazi. Yeye peke yake hakuwa akimtazama mkuu. Macho yake yalikuwa kwangu, kwa mara ya kwanza asubuhi hiyo, nayo hayakuniambia lolote. Yalikuwa yanangoja kunisikia.

Mwenyekiti akaweka ncha ya kalamu kwenye karatasi.

"Haya, binti," akasema. "Niandike nini?"